Umri wa Mwalimu Raphaël

Msaidizi wa daktari alimwambia Mwalimu Raphaël afungue kinywa, naye akafungua. Alikuwa amesimama katikati ya baraza la ofisi ya teritwari, yaani wilaya, pale Masisi, kofia mkononi, na watu waliokuja kwa ajili ya kodi na kesi za mashamba wakanyamaza wapate kuona vizuri. Msaidizi alimshika kidevu, akamgeuzia uso kwenye mwanga, akatazama meno ya juu, akatazama ya chini, kama mtu anayenunua beberu sokoni. Thacienne, mke wake, aliinamisha macho. Miaka yote aliyoishi na mume huyu hakuwahi kuona mtu akimshika kidevu.

"Meno yake iko muzuri," msaidizi alimwambia karani. "Iko na makumi tano, ao haijafika."

"Iko muzuri sababu hatukupata sukari ya kuyaharibu," Thacienne alisema. Mtu mmoja nyuma akacheka.

Karani alikuwa kijana wa shati jeupe, na hakuwa mtu mbaya. Aliwaeleza tena, polepole, kama alivyowaeleza safari zilizopita. Serikali imeweka sheria mpya: mtu aliyefanya kazi ya mshahara akafikisha miaka hamsini na mitano atapewa feza ya uzee mpaka afe. Mwalimu alikuwa amefundisha watoto wa kilima chao kusoma tangu shule ilipokuwa banda la majani. Macho yalipoanza kufunikwa na ukungu, akawa anashika kitabu hadi kinagusa pua, wakubwa wa shule walimshukuru, wakamwachisha. Hayo yote karani aliyakubali. Lakini kitabu cha kodi kilisema Raphaël Hakorimana amezaliwa mwaka wa 1908, na huu ulikuwa mwaka wa 1957.

"Hata mutu asiyesoma anaweza kufanya hesabu hii," karani alisema. Kisha akaona alichokisema, akaona haya. "Pole, Mwalimu."

"Hesabu yako iko sawa," Mwalimu alimjibu. "Kitabu njo kilikosea."

Karani alitazama mlangoni, akashusha sauti. Akasema liko jambo moja tu la kujaribu. Baraza la korti ya mwami, mtawala wa jadi, lina uwezo wa kusahihisha umri wa mtu, ikiwa atakuja mtu aliyekuwepo alipozaliwa, au aliyekua naye, na aseme wazi mbele ya waamuzi. Korti itakaa tena kabla shule hazijafunguliwa, kisha itafunga mpaka mvua kubwa ziishe. Akawauliza kama mama wa Mwalimu bado yuko hai.

"Yuko," Thacienne alisema. "Anakula, anasali, anatugombeza."

"Basi mumulete," karani alisema. "Mama atajua siku alizaa."

* * *

Jinsi kitabu kilivyokosea, kilimani kwao hakuna aliyehitaji kuelezwa. Wakati wa vita ya Wajeremani, askari wa kofia nyekundu walipanda vilima kutafuta wabeba mizigo. Hawakuuliza mtu miaka yake, kwa maana nani angeijua? Waliwapanga vijana mstari, wakawainua mikono. Aliyeota nywele kwapani alifungwa kamba kiunoni akaenda. Asiyeota aliandikwa mtoto akabaki na mbuzi.

Akina mama walijifunza upesi. Kila filimbi iliposikika ng'ambo ya bonde, wembe ulitoka. Mama Mukasine, mama wa Mwalimu, alimkalisha mwanawe nyuma ya ghala la mtama, akamnyoa kwapa zote mbili, akampaka majivu mahali palipokwaruzika, akamvua shuka ya kiume na kumfunga kipande cha ngozi kama wafungwavyo watoto. Mwana alikuwa na sauti nzito tayari, kwa hiyo akamwambia asifungue mdomo. Askari alipoinua mkono wa kijana, mama alisimama mbele akasema huyu bado mdogo, hajafikia mizigo. Watoto wa kaka yake walikwenda siku ile. Hakuna aliyerudi hata kusimulia walikozikwa wenziwe.

Ile miaka ya uongo ikamfuata Raphaël kwenye ubatizo, kwenye ndoa, hadi kwenye kitabu cha kodi. Haikuwa siri. Kwenye pombe ya ndizi wazee walitaniana nayo, huyu akimwambia yule kwamba mbele ya Serikali yeye bado ananyonya. Nani angefikiri kwamba iko siku mtu atahitaji kuwa mzee?

Ili mama asisumbuliwe na njia, kwanza Thacienne alimwendea Evode Ndagijimana, jirani waliyepakana naye shamba. Evode na Mwalimu walizaliwa msimu mmoja na walijificha nyuma ya ghala moja. Alimkuta akipalilia maharagwe, akamweleza. Evode aliegemea jembe.

"Mama Jeannette, unaniomba kitu kigumu," alisema, akimwita kwa jina la binti yake. "Nikisema yeye alidanganyiwa miaka, watauliza yangu. Watasema tuliibia Serikali. Mimi niko na mbuzi mbili na mgongo moja, na vyote wanaweza kuvichapa."

"Wewe na yeye mulikula kwenye sahani moja."

"Ndiyo. Na kama atakosa chakula, aje tukule tena. Lakini korti, hapana."

Alimpa majani ya maboga ya kwenda kupika, na Thacienne aliyapokea, maana hasira haipikwi. Wazee wengine walimjibu hivyo hivyo, na wengine hata majani hawakutoa.

* * *

Nyumba waliyokaa ilikuwa ya shule. Mwalimu mpya, Pierre, alifika na mke wake Victorine, mwenye mimba kubwa, na vyombo vyao juu ya vichwa vya watu. Wakubwa wa shule walikuwa wamewaambia nyumba itakuwa wazi. Haikuwa wazi. Thacienne alisimama mlangoni na ufagio mkononi, akajiona kama mwizi ndani ya nyumba aliyoipaka udongo kwa viganja vyake mwenyewe.

Victorine alikuwa msichana wa Kitshanga, mwenye maneno machache. Alitazama ndani, akamwona Mama Mukasine amelala karibu na moto, akarudi nje kumwambia mumewe vitanda vyao viwekwe chumba cha mbele tu. Pierre alitaka kusema kitu. Mke wake alimwambia mama yake yeye pia ni mzee. Jioni hiyo alimletea Thacienne chumvi katika jani la mgomba, akaomba aonyeshwe maji yanapochotwa, kana kwamba yeye ndiye mgeni wa kupokelewa. Thacienne alilia akienda kisimani, kwa sababu mtu mbaya ungeweza kumchukia.

Lakini wema wa Victorine haukuwa na uwezo juu ya shule. Siku ya kufungua masomo, nyumba yote na shamba lake la maharagwe vilikuwa vya Pierre. Pa kwenda palikuwa mahali pamoja tu: Mpofi, huko Walikale, kwa binti yao Jeannette, aliyeolewa na mtu wa biashara ya chumvi na mawese. Jeannette alikwisha kutuma neno kwamba waje. Mwalimu alipolisikia neno hilo aliacha kula siku nzima. Katika ukoo wao, mtu haingii hata jikoni kwa mkwe wake bila kukohoa mbali. Sasa aende kuishi humo, akanyooshe mkono kwenye sahani ya kijana aliyemtolea ng'ombe za mahari? Ng'ombe zenyewe zilikwisha kufa kwa ugonjwa wa kwato, na hakubaki na kitu cha kuonyesha kwamba alikuwa mkwe.

"Afazali nikufe na njaa hapa," alisema.

"Na mama yako?" Thacienne alimwuliza. "Naye umemuchagulia kufa na njaa?"

Mwalimu alikwenda nje, akaanza kupasua kuni kwa kupapasa, na mke wake akakaa akisikiliza kila pigo la shoka, akiogopa lile ambalo lingekosa gogo.

* * *

Basi tumaini lote likawekwa juu ya Mama Mukasine. Alikuwa mdogo sasa, mwepesi kama kapu tupu, lakini kichwa chake asubuhi kilikuwa safi. Aliposikia habari ya korti alicheka, akaonyesha fizi.

"Nilimupunguza," alisema. "Nitamuongeza."

Thacienne alimfundisha kila asubuhi wakimenya viazi. Mwaka na mwezi hakuvijua, lakini alijua mambo. Alijua kwamba mwaka ule mlima ulipowaka na majivu yakaangukia maharagwe, Raphaël alikuwa tayari akichunga ndama peke yake, maana ndiye aliyezikimbiza nyumbani, nyeupe zote kama zimepakwa unga. Karani alikuwa amesema hilo moja latosha: kila mtu wa korti aliujua mwaka wa majivu, na mtoto aliyezaliwa 1908 asingekuwa bado wa kuchunga peke yake. Thacienne angeuliza kwa sauti nzito ya mwamuzi, naye mama angejibu, "Alikuwa akichunga ndama," bila kukosea, kisha angeomba kiazi kama malipo ya ushahidi. Walicheka sana asubuhi zile. Thacienne alianza hata kupanga: franga za kwanza zingenunua mabati ya nyumba ndogo juu ya kipande cha Evode, ambaye alikuwa amesema angewakopesha mahali.

Mama hakuweza kutembea mpaka korti. Kilimani, mgonjwa na mzee hubebwa na chama cha ngobi, machela ya mianzi iliyosukwa, na kila mwanaume wa chama akiitwa hana ruhusa ya kukataa, hata kama amegombana na mwenye mgonjwa. Leo unabeba, kesho unabebwa. Asubuhi ya kwenda, Evode alikuwa wa kwanza kufika, pedi ya majani ya mgomba begani. Hakumtazama Mwalimu machoni, naye Mwalimu, ambaye asingeona hata kama angetazamwa, alimtambua kwa kikohozi, akamsalimia.

Walipanda na kushuka. Kwenye miteremko yenye matope wabebaji waliimba ili hatua zao zilingane, na Mama Mukasine alilala juu akiwaonya wasimtikise kama pombe. Alimwuliza Evode kwa nini anabeba kama mwanamke aliyejifungua jana. Watu wakacheka, Evode naye. Thacienne alitembea nyuma, mkono wa mumewe begani mwake, akijiambia moyoni: mama yuko macho leo, Mungu asante, yuko macho.

* * *

Korti ilikaa kwenye nyumba ndefu ya matofali. Mlangoni alisimama polisi mwenye kofia nyekundu na fimbo. Ngobi haikuruhusiwa kuingia. Ikabidi Mama Mukasine ashushwe, ashikwe huku na huku, atembee mwenyewe kupita mbele ya yule polisi.

Thacienne alihisi mkono wa mama ukibadilika ndani ya mkono wake. Ulikuwa mlegevu, ukakaza.

Ndani, waamuzi walikuwa watatu nyuma ya meza, na karani wa shati jeupe pembeni. Aliwatazama akainamisha kichwa kidogo, kuwatia moyo. Mwamuzi mkuu, mzee mwenye koti la mvua, aliuliza kwa heshima kama mama anaweza kupewa kiti. Polisi alileta kibao, akakiweka, na buti zake zikalia juu ya saruji. Mama hakukaa.

"Huyu ni mutoto wako?" mwamuzi aliuliza.

"Ni wangu."

"Mwaka wa majivu, alikuwa mukubwa namna gani?"

Mama Mukasine alimtazama polisi. Halafu alimtazama mwanawe aliyesimama katika mstari na watu wengine wenye mashauri, wote wanaume, wamepangwa kando ya ukuta. Thacienne aliona midomo yake ikitembea. Akasema moyoni: ndama, mama, sema ndama.

Mama aliachia mkono wa mkamwana wake. Alikwenda mwenyewe, hatua fupi fupi, akasimama mbele ya Mwalimu, akapanua kanga yake pande zote mbili kama kuku apanuavyo mabawa.

"Huyu bado mudogo," alisema, kwa sauti ambayo Thacienne hakuwahi kuisikia. "Hajafikia mizigo. Muangalie vizuri, ni mutoto. Muende na wengine."

"Mama," Mwalimu alisema.

"Nyamaza," mama alimwambia bila kugeuka. "Nilikuambia usifungue mudomo."

Mtu mmoja alianza kucheka, akaacha, kwa sababu hakuna aliyemsaidia. Thacienne alipiga magoti mbele ya meza. Akaeleza kwamba mama amechoka na njia, amemwona askari, ameogopa. Kwamba nyumbani husema vizuri. Kwamba wampe maji, wampe muda. Mwamuzi mkuu alimsikiliza mpaka mwisho. Alimwomba polisi atoke nje, akauliza tena, taratibu, na mama akajibu yale yale, bila kushusha mikono.

Kisha mwamuzi akauliza kama yuko mwingine, mtu yeyote, anayeweza kusema. Thacienne aligeuka akawatazama wabebaji waliojazana mlangoni. Evode alikuwa mbele yao. Mkono wake uliinuka mpaka usawa wa kifua.

"Wewe," mwamuzi alisema. "Umezaliwa mwaka gani?"

Evode alifungua kinywa. Jasho la ngobi lilikuwa bado linamtiririka shingoni. Alimtazama karani, akaitazama kalamu, na mkono ukashuka.

"Vile imeandikwa kwa kitabu, Bwana," alisema.

Karani aliandika. Mwamuzi akasema shahidi ameitwa, shahidi amesema, na korti haiwezi kumwandikia maneno ambayo hakuyatoa. Umri unabaki ulivyo. Kama wana mtu mwingine, walete korti itakapokaa tena. Alipomaliza alivua koti lake la mvua, akamwita Evode, akampa amfunike mama kwenye ngobi, maana nje mvua ilikuwa imeanza.

* * *

Njiani hakuna aliyeimba. Evode hakukubali kupokewa zamu. Alibeba tangu korti mpaka nyumbani, na bega lake lilipoanza kutoka damu alihamishia mti kwenye lile jingine. Mwalimu alijikwaa mara nyingi. Thacienne hakumshika. Hakutaka kushika mtu yeyote. Alitembea akitazama nyayo za mwanamke yule zikining'inia nje ya ngobi, nyayo ndogo zilizopasuka, na moyo wake ulikuwa na maneno ambayo asingeweza kuyaungama kwa padri bila kufunika uso.

Siku zilizobaki alifunga vyombo. Sufuria, jembe, msalaba wa ukutani, blanketi. Maharagwe ya shambani yalikuwa bado mabichi, na hayakuwa yao tena. Victorine alikuja na kisu, akavuna nusu ya mstari uliokuwa karibu na nyumba, akamwekea Thacienne kwenye kapu. Thacienne alimwambia Pierre atakasirika. Victorine akasema Pierre hajui kuhesabu maharagwe.

Mwalimu alikubali kwenda Mpofi. Hakusema "ndiyo"; aliuliza tu kama njia ya msituni ina madaraja. Thacienne alimwambia yapo, ingawa hakujua.

Mama Mukasine tangu korti hakuwa ameondoka kitandani. Hakugombeza tena, na kinywa hakufungua mpaka kijiko kimguse midomo. Asubuhi ya kuondoka, wabebaji wakiwa bado hawajafika, Thacienne alimpelekea uji. Alikuwa hajazungumza naye tangu siku ile. Alimlisha, akamsafisha. Akakaa kwenye ukingo wa kitanda. Alikuwa amejiapiza kwamba leo atasema. Kabla hawajaingia msituni, mwanamke huyu ajue alichokifanya: kwamba mwanawe anakwenda kuwa mwombaji kwa mkwe, kwamba ni neno moja tu lililohitajika, neno la ndama.

Mama alimshika kifundo cha mkono. Macho yake yalitafuta mlango.

"Walimuchukua?" aliuliza.

Thacienne hakuelewa. Akamwuliza nani.

"Mutoto wangu. Walikuja wale wa kofia nyekundu. Nilisimama mbele, lakini sina nguvu. Walimuchukua?"

Uji ulikuwa unapoa. Nje, kando ya mizigo iliyofungwa, shoka lilipiga, likatulia, likapiga tena: Mwalimu alikuwa akimwachia Victorine kuni za siku atakazojifungua. Thacienne alisikiliza. Yale maneno aliyoyabeba tangu korti yalikuwa pale pale kwenye ulimi. Akayatazama, akayameza, moja baada ya jingine, na yalikuwa machungu.

"Hapana, mama," alisema. "Hawakumuchukua. Ulisema vizuri, wakaenda. Sikiliza, huyu njo yeye anapasua kuni."

Mama alisikiliza. Pigo jingine lilikuja, na jingine. Mkono wake ukalegea taratibu, na kwa mara ya kwanza tangu korti akafungua kinywa mwenyewe, akingoja kijiko.